Wote Walisema Nimekosa

Kwa miaka yote aliyokagua mizani sokoni Mosul, kabla hajavaa joho la utawa, Yazdin hakuwahi kukutana na mtu aliyekubali kosa. Ungemkuta muuza zabibu kabandika nta chini ya sahani ya mizani, nta yenyewe ina alama ya kidole chake, na bado angekuapia kwa kichwa cha mamake kwamba hajui imefikaje pale. Yazdin aliwazoea hivyo. Alijua pa kuushika uongo na kuuvuta mpaka ukweli utokeze. Sasa Askofu Mkuu alikuwa amemtuma huku milimani, Jumatano ya Juma Kuu, kwenye mvua, juu ya punda asiye na huruma, na mtu wa kwanza aliyemhoji alikuwa amelala kifudifudi kwenye sakafu ya jiko la mikate.

"Nimekosa. Nisamehe."

"Inuka, Rabban," Yazdin alisema, kwa jina la heshima waitanalo watawa. "Sijamaliza hata kuuliza."

"Nimekosa."

"Nimekuuliza unaitwa nani."

Mzee alijiinua kwa kushikilia mdomo wa tanuri. Nyusi zake zilikuwa nyeupe, nusu kwa umri na nusu kwa unga. "Kardag," alisema. "Nisamehe."

Huyu ndiye mtuhumiwa. Alikuwa ameoka mikate ya monasteri ya Chemchemi Mbili tangu watawa wengi wa hapo hawajazaliwa. Asubuhi, kabla hajajua kama mgeni ni hakimu au mchuuzi, alikuwa amempokea Yazdin getini, akamvua viatu vilivyolowa, akamwagia miguu maji ya moto, kisha akampa viatu vyake mwenyewe, vikavu, ambavyo Yazdin alikuwa amevivaa mpaka sasa. Vilimbana vidole. Alishukuru kwa moyo wote, na shukrani hiyo ilimkera, kwa sababu si rahisi kumhoji mtu huku umevaa viatu vyake.

"Ufunguo wa shubaka la chachu unao?"

Kardag aliuvuta kutoka shingoni. "Ninao. Mwingine anao Rabban Barsahde, mtunza madhabahu. Hakuna wa tatu."

"Jumatatu Rabban Barsahde kafungua shubaka, kakuta chombo cha chachu hakipo. Wewe ulilifungua lini mara ya mwisho?"

"Kabla ya Mfungo, Rabban. Tulijaza ule mkebe mdogo wa kila Jumapili. Nimetumia mkebe tu mpaka Jumapili iliyopita. Shubaka sikuligusa."

"Kwa hiyo chombo hukukichukua."

Yazdin aliona magoti ya mzee yanaanza kukunjika.

"Usilale tena," alisema, lakini alikuwa amechelewa.

Chachu inayosemwa si ya mkate wa mezani. Ni ile takatifu, unga na chumvi na mafuta ya zeituni, ambayo kila Alhamisi Kuu huchanganywa na masalio ya mwaka uliopita, ambayo nayo yalichanganywa na ya mwaka kabla yake, kurudi nyuma mpaka, kama tunavyoamini sisi, kwenye mkate uliokuwa mikononi mwa mitume. Kuhani asipotia chembe yake, mkate wa madhabahuni ni mkate tu. Na kesho ndiyo ilikuwa Alhamisi. Hata hivyo chachu ingeweza kuombwa kwa monasteri jirani, kwa aibu, na maisha yangeendelea. Lakini Kardag hakuwa na mahali pa kwenda. Mwizi wa chachu huvuliwa mshipi na kutolewa nje ya lango, na mzee wa umri wake, kwenye njia ile, kwenye mvua ile, asingefika bondeni.

Yazdin aliangalia jiko. Kila kitu kilining'inia kwenye kigingi chake: koleo la mikate, kinu kidogo, ufagio wa tanuri. Kigingi kimoja hakikuwa na kitu ila donge la udongo mkavu lililofungwa uzi.

"Hapa pana nini?"

"Mahali pa chekeche. Kaliazima ndugu wa bustani, nami nilikuwa kanisani. Hilo donge ndilo lake, lina alama ya fimbo yake." Kardag alikuwa bado chini, anaongea na sakafu. "Kwetu ukiazima kitu na mwenyewe hayupo unaacha donge, ili asihangaike kutafuta."

"Si mngesema tu?"

"Huku kusema ni kazi nzito kuliko kukanda udongo, Rabban."

Yazdin alicheka bila kupenda, akamshika mzee makwapani na kumsimamisha.

Rabban Barsahde alikuwa akimngojea mlangoni pa madhabahu, mikono imeoshwa, joho limenyooka. Alikuwa mtu wa makamo aliyesoma chuo cha Nisibis, na alikuwa amefika mlimani vuli iliyopita tu. Alikabidhiwa madhabahu siku ya kuingia Mfungo. Hakukuwa na vumbi popote.

"Mimi sina chuki na mzee yule," alianza, kabla hajaulizwa. "Naomba hilo lieleweke. Lakini hesabu ni hesabu. Kufuli ni zima. Funguo ni mbili. Mmoja ninao mimi, nami siku nilipokuta hakuna chombo nilipiga kelele mwenyewe."

"Mwizi naye hupiga kelele," Yazdin alisema. "Sokoni ndiye hupiga kubwa kuliko wote."

"Kweli. Basi nipekue. Lakini usikie na hili pia. Jumapili ya kwanza ya Mfungo nilimwona Kardag kwa macho yangu akishuka kijijini, ana chungu chini ya joho, kakifunika. Kijijini kanisa liliungua mwaka jana na chachu yao ikateketea. Na Kardag kazaliwa huko. Jumlisha mwenyewe, Rabban."

"Ulimwuliza?"

"Niliuliza mbele ya ndugu wote. Akalala chini akasema nimekosa. Nifanye nini tena?"

Yazdin aliomba ufunguo, akafungua shubaka, akatia mkono mpaka ndani kabisa. Vidole vilirudi vimelowa. Lipu ya nyuma ilikuwa imevimba, na chini yake chumvi nyeupe imetoka ukutani.

"Tangu lini panavuja?"

"Nilipakuta hivi."

"Aliyekutangulia ni nani?"

"Rabban Sabrisho. Aliniachia ufunguo akapanda kujifungia." Barsahde alielekeza kidole juu, upande wa mwamba. Kila mwaka watawa wachache huingia kwenye vijumba vilivyochongwa kule, mlango ukazibwa kwa udongo, wakakaa na Mungu wao mpaka alfajiri ya Pasaka. Mkate na maji hupitia kidirishani.

"Alikuambia nini alipokupa ufunguo?"

"Hakuniambia neno. Ilikuwa baada ya sala ya kusameheana, na baada ya sala hiyo anayeingia hasemi na mtu, wala mtu hasemi naye."

"Na Jumatatu ulipofungua, ulikuta nini humu?"

"Hakuna kitu. Tupu."

Ilikuwa hesabu nzuri, ya mtu mwangalifu. Yazdin angekuwa yeye, angeijumlisha vivyo hivyo, na hilo ndilo lililomnyima raha.

Kutoka madhabahuni mpaka chumba cha Abate alipita bustanini, kwenye zizi la nyumbu na kwenye chumba cha vitabu, na kila mtawa aliyekutana naye, Yazdin alimwuliza swali moja tu. Alipofika kwa Abate alikuwa na matope mpaka magotini kwa kuwainua watu.

Abate Makika alikuwa mtu mnene aliyenyong'onyea. Uji wake ulikuwa mezani, umeganda.

"Kardag ndiye aliyenipokea mimi hapa," alisema, "nikiwa na chawa kichwani na kisu kwenye soksi. Alininyoa, akanilisha, hakuniuliza kisu ni cha nini. Unafikiri napenda hili? Lakini kakiri mbele ya nyumba nzima. Ndugu wamesikia. Kesho nisimame madhabahuni, na aliyekiri wizi wa chachu yumo ndani ya uzio? Ubao wa kuitia sala ya jioni ukigongwa, namvua mshipi."

"Na atalala wapi?"

Abate alisogeza bakuli la uji, akalirudisha.

Yazdin alifungua mkoba wake, akatoa chungu cheusi kilichofungwa kwa kitambaa na kukiweka mezani. "Unakijua hiki?"

"Cha jikoni kwetu. Umekipata wapi?"

"Kwa Bekir, yule Mkurdi wa kinu, aliyeniazima punda wake mbaya. Alfajiri kanibebesha hiki. Kasema: mrudishie mzee wa mkate, mwambie watoto wote wamepona homa, na kila asubuhi mke wangu anamwombea umri mrefu. Nikamwuliza kilikuwa na nini. Kasema supu ya dengu, Jumapili ya kwanza ya Mfungo wenu. Katika Mfungo mnakula mara ngapi kwa siku?"

"Mara moja."

"Basi siku hiyo mmoja wenu hakula hata hiyo mara moja."

Abate alikishika chungu kwa mikono miwili. "Barsahde alimshutumu kwa chungu hiki hiki, mbele yetu. Kwa nini hakusema ni dengu?"

"Hilo ndilo nimekuja kukuuliza. Lakini kwanza nijibu jingine, Baba, na nijibu upesi. Chombo cha chachu, wewe ndiye uliyekichukua?"

Magoti ya Abate yalikuwa yamegusa sakafu kabla uso wake haujaelewa. "Nimekosa, nisa..." Alibaki vile vile, mkono mmoja chini, anaangalia kigae cha sakafu.

"Inuka, Baba," Yazdin alisema kwa upole. "Ndugu wa bustani naye kaiba. Wa nyumbu kaiba. Yule kipofu wa chumba cha vitabu, ambaye hawezi kuiona hata kufuli, kaiba na kuomba radhi mara mbili. Hapa mna wezi wengi kuliko soko zima la Mosul."

Abate alicheka, na kicheko kikamgeukia njiani, akafuta macho kwa mkono wa joho. "Siku ya kwanza mtu anapoingia utawa tunamfundisha hilo. Ukishutumiwa, usijitetee. Lala chini, sema nimekosa, maana hata kama si hili, lipo jingine. Mimi mwenyewe nimewafundisha. Kisha nimekaa kitini nikamhukumu mtu kwa somo langu."

"Nami nilifundishwa hilo hilo. Ndiyo maana kukiri kwa hapa hakunisaidii kitu."

"Lakini Rabban, kufuli bado ni zima na funguo bado ni mbili. Nikimwacha kwa huruma, watasema Abate kampendelea aliyemnyoa chawa, na mzee atakaa humu na jina la mwizi mpaka kufa. Nipe kitu cha kushika mkononi. Nipe kabla ya ubao."

Yazdin alirudi madhabahuni mbio, viatu vya Kardag vikimkata visigino. Barsahde alikuwa anapangusa kinara ambacho tayari kiling'aa.

"Ulisema shubaka lilikuwa tupu."

"Tupu."

"Lipu ya nyuma inamomonyoka. Nimetia mkono, chini hakuna hata punje ya lipu. Nani kafagia?"

"Mimi, Jumatatu. Ningeacha uchafu mahali patakatifu?"

"Uchafu gani?"

"Vumbi la lipu. Na donge la udongo, nadhani kiota cha nyigu."

"Takataka za madhabahuni unazitupa wapi?"

"Hazitupwi," Barsahde alisema, kama mtu aliyetukanwa. "Huenda mna chembe ya mkate ndani yake. Zinakaa kwenye mtungi chini ya ngazi mpaka Pasaka, kisha zinamwagwa kwenye maji yanayotiririka. Hata Nisibis tulifanya hivyo."

"Mungu akubariki kwa usafi wako, Rabban. Leo sina utani. Ulete huo mtungi."

Walitandaza kitambaa cheupe, wakaumimina taratibu. Yakatoka matone ya nta, nondo mkavu, unga wa lipu, utambi uliokwisha. Kisha vipande viwili vya udongo uliochanganywa na makapi. Yazdin aliviunganisha. Vilishikana sawasawa, na juu yake ulionekana msalaba uliogandamizwa udongo ukiwa mbichi, msalaba wenye mkono mmoja mfupi kuliko mwingine.

Barsahde aliinama kuuangalia, karibu pua iguse. "Nyigu hawachori misalaba," alisema polepole.

"Tangu ufike hapa umeshawahi kuazima kitu cha mtu?"

"Sijawahi. Vitu vyangu ninavyo."

"Basi hukuwa na njia ya kujua." Yazdin alimweleza habari ya donge la chekeche. Hakuimaliza. Rangi ilikuwa imeshamtoka Barsahde usoni, na wakati huo huo ubao wa sala ya jioni ulianza kugongwa nje.

Waliwakuta uani. Watawa walikuwa wamepanga mistari miwili kwenye mvua, na katikati Kardag, joho linapepea kwa sababu halina mshipi. Mshipi ulikuwa mkononi mwa Abate, na chungu cheusi cha dengu kwapani. Mzee hakulia wala hakulalamika. Alikuwa anamwelekeza ndugu mmoja, kwa sauti ya chini, jinsi ya kufunika unga wa kesho usipate unyevu.

"Simamisha, Baba," Yazdin alisema akihema. "Fimbo yenye msalaba wa mkono mfupi ni ya nani?"

Abate hakufikiri. "Sabrisho. Ilivunjika nyumbu alipomwangusha."

"Twende juu wote. Na huyu mzee aje."

Kijumba cha Sabrisho kilikuwa cha juu kabisa, upande wa kusini, pakavu kuliko popote mlimani. Fimbo ilikuwa imeegemezwa nje ya mlango uliozibwa, mahali alipoiacha. Yazdin aliweka donge juu ya kichwa cha fimbo, na likakaa kwenye alama yake bila kuacha nafasi. Kwenye udongo wa mlango, msalaba ulikuwa ule ule na makapi yale yale. Watawa walisogea kuangalia mmoja mmoja, na kila aliyeangalia alimgeukia Kardag.

"Basi kimo humo," alisema Abate kwa kunong'ona.

"Huenda," Barsahde alisema. "Au alikihamishia kwingine, na mtu akakitoa huko. Naogopa kukosea mara ya pili, Baba. Aulizwe mwenyewe."

"Haulizwi. Tangu mlima huu ukae watawa, hakuna aliyesemeshwa akiwa amejifungia."

"Hata kwa uhai wa mtu?" Yazdin aliuliza.

Abate alifumba macho. Mvua ilimtiririka usoni, na alionekana mtu anayevutwa pande mbili.

Yazdin alimgeukia Kardag. "Rabban, mkate wake huletwa na wewe?"

"Kila siku."

"Ukifika kidirishani unasema nini?"

Kardag alishangaa kuulizwa kitu kinachojulikana. "Nasema nimekosa, nisamehe. Naye anasema, Mungu atusamehe sote. Kisha anapokea."

"Hilo linaruhusiwa?"

"Hilo ni ruksa siku zote, Rabban. Hata mtu akiwa anakata roho."

"Na mtu anapoomba msamaha, Baba Abate, kwa kanuni yenu, analitaja kosa lake au analificha?"

Abate alifumbua macho. Alimtazama Yazdin muda mrefu, na kitu kikalegea usoni mwake. "Analitaja," alisema. "Tena kwa sauti, aliyekosewa asikie."

Hakuna aliyemwambia Barsahde kitu. Hakukuwa na haja. Alitazama matope yaliyojaa mbele ya kijumba, akatazama mikono yake safi, kisha akalala, joho na ndevu na paji la uso.

"Nimekosa, Rabban Sabrisho," alisema. "Nilikuta donge lako shubakani nikalifagia, sikulijua. Kisha nikamshutumu Kardag kwamba kaiba chachu. Nilisema mbele ya ndugu wote, na ndugu wakaniamini. Sasa kavuliwa mshipi na anatolewa langoni, na kama si mimi asingekuwa hapa kwenye mvua. Nisamehe."

Walingoja lile jibu la kila siku. Halikuja. Kama mle hamna chombo, basi Yazdin hakuwa na pengine pa kwenda.

Kisha mlango ulipigwa kutoka ndani. Ukapigwa tena. Udongo ukaachia ufa, kipande kikaanguka, na mguu mwembamba usio na kiatu ukatokeza, ukarudi, ukatoka tena na nusu ya mlango. Watawa walirudi nyuma, wengine wakifanya ishara ya msalaba. Sabrisho alitoka amejikunja, nywele zimejaa udongo, macho yamefumba kwa mwanga. Kifuani alikuwa amebeba kitu kilichofungwa kwenye blanketi lake la kulalia, blanketi pekee waliloruhusiwa.

"Sabrisho," Abate alisema, na alikuwa analia waziwazi. "Pasaka ni Jumapili hii tu. Chombo kingepita kidirishani."

Sabrisho alikohoa. Sauti iliyokaa Mfungo mzima bila kutumika haikutaka kutoka. "Kardag kashutumiwa mbele ya watu," alisema hatimaye. "Nipitishe chombo kidirishani, niendelee kusali? Nitaanza upya mwakani." Alikohoa tena. "Shubaka lilikuwa linatoa maji. Niliona baada ya sala ya kusameheana, mdomo umeshafungwa. Nikaacha donge, nikajua atakayelikuta atapanda kwangu."

Hakumpa chombo Abate, wala hakumpa Barsahde aliyekuwa bado matopeni. Alipita katikati yao na kukiweka mikononi mwa Kardag. Mzee alifunua blanketi, akainua kifuniko kidogo, akanusa jinsi anusavyo unga wa kila asubuhi.

"Kavu," alisema. "Haina hata ukungu."

Kwa miaka yote ya mizani na mashitaka Yazdin hakuwahi kufikia mwisho wa kesi akakuta hakuna mwizi, na pale pale, mvua inampiga kisogoni na viatu vinambana, alimshukuru Mungu kwa maneno ya kawaida, kama mtu anayemshukuru jirani.

Abate alipiga magoti kumfunga Kardag mshipi. Vidole vilikataa, ikabidi Sabrisho amsaidie, na wote wawili wakawa wanavutana na fundo moja huku mzee amesimama katikati na chombo. Barsahde alisogea kwa magoti mpaka miguuni pake.

"Nisamehe, Rabban. Naomba unisamehe."

Na Kardag, chombo cha mitume kikiwa mikononi, akaanza kukunja magoti. "Mimi ndiye niliyekosa," alisema. "Nisa..."

Yazdin alimdaka kwapani. "Hapana, mzee wangu. Leo huna kosa, na mikono imejaa. Mimi ni mkaguzi wa Askofu na nakuamuru: sema neno jingine."

Kardag alisimama. Ilionekana hakuwa na jingine karibu. Alimtazama Sabrisho aliyekuwa anatetemeka bila blanketi, akamtazama Barsahde mwenye matope mpaka kwenye kope. Akakitazama chungu cha dengu ambacho Abate alikuwa amekiweka juu ya jiwe ili afunge mshipi, na mwisho akaviona viatu vyake miguuni mwa Yazdin.

"Ahsanteni," alisema.

Hakuna aliyeitikia. Watawa wa Chemchemi Mbili walijua la kumjibu mtu anayesema nimekosa, walilijibu mchana kutwa. Kwa hili walitazamana tu.

"Ahsanteni sana," Kardag alirudia, safari hii kwa nguvu zaidi, kama mtu anayejaribu kiatu kipya. Kisha akaomba wampishe, kwa sababu tanuri ilikuwa haijawashwa na kesho ilikuwa Alhamisi.